Mkwe Tunayemwona Nusu

Base Camp, kambi ya wakimbizi ya Nakivale, Uganda
Machi 2012

Kwa Mkuu wa Habari za Nje,
Televisheni ya Upeo, Nairobi.

Mheshimiwa, pokea heshima zangu na pole ya kazi.

Mimi ndiye niliyemfundisha Kiarabu Déo Muhirwa, mwandishi wenu wa nchi za Kiarabu. Basi, si chote. Kusema kweli nilimfundisha kukamua ng'ombe. Kiarabu alikipata Khartoum alikokwenda kusoma, wapiga picha wenu wakamchukua awe mkalimani, mwisho mkampa kipaza sauti. Sasa yuko Kairo, na amemposa binti yangu Teta kwa simu. Ng'ombe wa mahari wameshatajwa, lakini wazee wa ukoo wamekataa kuitikia, na kosa ni lenu. Nahesabu:

1. Kwetu mchumba huja nyumbani, akatembea mbele ya wazee, akaketi, akapewa maziwa, tukamtazama vizuri. Huyu tunamwona kwenye kibanda cha video, na nyinyi mnamkata kiunoni. Mwaka mzima! Mzee Ndayambaje akauliza mbele ya watu: "Na miguu yake iko fasi gani?" Tangu siku ile mama ya Teta hali vizuri. Fasi ya mabomu mingi vile, nani atambishia mzee?

2. Dada yenu anayesoma habari Nairobi akimwuliza hali ikoje huko, Déo anakaa kimya, anatikisa kichwa, anakodoa macho, ndipo ajibu. Wazee wanasema mwanaume anayefikiri hivyo kabla ya kujibu swali dogo ana mke mwingine.

3. Nyuma yake watu wanakimbia, magari yanawaka, naye hageuki! Mtu asiyetazama nyuma, ng'ombe wake ni wa wezi.

4. Alikwenda Tunisi, mkubwa wa huko akakimbia. Akahamia Kairo, mkubwa akaondoka. Akapita Libya, mnajua wenyewe. Ndayambaje, ambaye ndiye mkubwa wa ukoo wetu, anauliza yeye atakimbilia wapi, naye ni mkimbizi tayari.

Kwa hiyo naomba kwa unyenyekevu mumwonyeshe mzima, kichwa hadi viatu, akitembea. Ikishindikana, mhamishieni Kikagate aripoti ndizi zinazovuka mpaka. Ikishindikana tena, tuleteeni ndege: wazee wanne, mama ya Teta na kibuyu cha maziwa, tukamkague huko huko. Au mpelekeni wiki moja kwetu Kongo, Kivu ya Kusini, wenye bunduki wakimbie, sisi turudi tufanyie harusi nyumbani.

Nisalimieni watu wote wa studio, hata yule wa kutabiri mvua, ingawa yake hapa haijafika.

Mzazi wenu,
Musoni Constantin

N.B. Sijafunga bahasha, Déo amefika kwa boda kutoka Mbarara. Miguu yote miwili, mirefu hata. Amekunywa maziwa, Teta amecheka mpaka akakaa chini. Kumbe ameacha kazi yenu aje kuchunga! Wazee wamewaka: "Wachungaji tuko nao mingi, sisi tulitaka yule wa televisheni!" Wameitikia posa kwa sharti moja, arudi Kairo baada ya harusi. Basi futeni yote ya juu. Mrudisheni kazini, mkateni hata shingoni, hatutalalamika.

Na kwa kuwa ni mimi ninayewafukuza vijana wa mpira kibandani kila jioni ili watu watazame habari zenu, nawadai fadhila moja ndogo: siku moja, kabla ya yule wa mvua, semeni tu, "Mzee Musoni wa Nakivale, habari ya jioni." Nitakuwa nimekaa mbele.