Kumwombea Dhamana Mshtakiwa wa Udongo

Kwa Msimamizi,
Makumbusho ya Mji,
Jengo la Mahakama ya Zamani.

Ndugu Msimamizi,

Natumaini barua hii itakukuta mzima wa afya, wewe na wasaidizi wako wote, pamoja na yule mama wa mapokezi anayetuvua kofia kwa heshima ya hakimu wa udongo. Mimi ni fundi saa mstaafu. Tangu nifiwe na mke wangu, kutwa nakaa barazani kwangu na sina ugomvi na mtu. Nakuandikia kwa sababu mmenipandisha kizimbani.

Najua utasema yule ni sanamu ya mshtakiwa tu, asiye na jina, wa kuwaonyesha wageni jinsi kesi zilivyoendeshwa zamani. Lakini fundi sanamu mliyempa kazi ana karakana mkabala na baraza yangu, na mtaa mzima unajua hawezi kufinyanga uso asiouona kila siku. Alipohitaji mshtakiwa, aliinua macho tu. Malalamiko yangu ni haya:

1. Pua ni yangu. Nilikuja na kioo cha mkononi nikalinganisha, na mama wa mapokezi ni shahidi. Masikio amenipunja, lakini hilo namsamehe.

2. Hakimu aliyekaa kule juu ana uso wa kinyozi wetu. Kinyozi huyu ndiye ninayemfunga drafti kila Jumapili, na tangu apate cheo hakubali tena kufungwa. Nikila kete yake anagonga meza na kusema, "Mshtakiwa, tulia." Watu wanacheka mpaka wanashika mbavu, nami napoteza hesabu ya mchezo.

3. Heshima yangu imeshuka. Wanafunzi mnaowatembeza humo ndani sasa wananiamkia njiani, "Shikamoo, Babu Mshtakiwa." Nami nifanyeje? Mtoto aliyekuamkia huwezi kumgombeza, inabidi uitikie marahaba. Muuza mboga naye aliniuliza nilifanya kosa gani. Nilipomwambia sijui, alisema wote husema hivyo, akaniongezea fungu la mboga kwa kunihurumia.

4. Wajukuu zangu walikuwa hawaji, eti kwa babu hakuna cha kutazama. Sasa wanakuja kila wiki na marafiki zao. Wananisimamisha ukutani, wananikagua, wanakimbilia makumbusho, kisha wanarudi kubishana kuhusu kidevu. Usingizi wa mchana nausikia kwa majirani.

5. Hili ndilo kubwa, naomba ulisome taratibu. Kibao cha kizimbani kinasema, "Mshtakiwa akisubiri hukumu." Shtaka halikutajwa. Mlalamikaji hayupo. Kiti cha wakili wa utetezi ni kitupu. Hakimu, yaani kinyozi, hajafumbua mdomo tangu mfungue milango, jambo ambalo kwenye kiti chake cha kunyolea halijawahi kutokea. Mtu hawezi kusimamishwa hivyo bila kesi, hata siku za mapumziko. Kwa hiyo naomba shtaka lisomwe, au kesi ifutwe, au sanamu iachiwe kwa dhamana. Mdhamini nitakuwa mimi mwenyewe, kwa kuwa nina makazi ya kudumu na namfahamu mshtakiwa tangu utotoni. Ataishi barazani kwangu, nami nitamleta kila atakapohitajika. Mkikataa nitakata rufaa, ingawa nasikia jengo la rufaa nalo siku hizi ni ukumbi wa harusi.

Nisalimie walinzi wote, na msafishaji anayenipangusa vumbi usoni kila asubuhi; mwambie mkono wake ni mwepesi, namshukuru. Mama wa mapokezi naye salamu zake zimfikie, na kofia yangu aitunze.

Ni mimi ninayesubiri haki nikiwa nimesimama,
Fundi saa mstaafu,
Nyumba inayotazamana na karakana ya sanamu.

N.B. Kabla sijaipeleka barua hii, binti yangu amenijia kwa furaha. Kumbe alikwishakuja kwako kulalamika kwa niaba yangu, nawe ukasikia kilio chake ukanitoa. Anasema kizimbani sasa yumo muuza mkaa, na mlango wa muuza mkaa haufungwi kwa wingi wa wageni. Ndiyo maana wiki hii hakuna mtoto aliyeniamkia. Wajukuu hawakuja. Jumapili nilimfunga kinyozi naye hakugonga meza wala kuniita mshtakiwa, na mchezo haukuwa na ladha. Nyumba imerudi kuwa kimya kama ile wiki waombolezaji walipoondoka, na ukweli ni kwamba sikipendi kimya kile. Basi, Ndugu Msimamizi, futa namba moja mpaka tano. Nirudishe kizimbani, kwa kosa lolote mtakaloona linanifaa, nitakiri. Na kama udongo umekwisha, msihangaike, nitakuja kusimama mwenyewe.