Bwanyenye Aliyelazwa Mkekani

Jamani, leo nimeaibika nikiwa nimevaa suti ya vipande vitatu. Temeke nzima shahidi.

Mnajua kazi yangu: nashika maikrofoni kwenye filamu za serikali, ile inayofungwa kwenye mti mrefu. (Ndiyo, digrii yangu inashika mti.) Leo tulikuwa tunapiga filamu ya kuwaonyesha wananchi ubaya wa unyonyaji. Bwanyenye anakwenda msibani kumfukuza mjane kwenye nyumba, mume ndiyo kwanza kazikwa. Asubuhi bwanyenye wetu akaleta taarifa kwamba homa imemlaza.

Mwongozaji wetu, Ndugu Chilumba, akatutazama mmoja mmoja. Akasimama kwangu.

"Unajua kuringa?"

Kabla sijafungua mdomo, kikosi kizima kikajibu: "Anajua!"

Mti nikamwachia dereva. Nikavalishwa suti, kofia na mkufu wa saa. Nikajitazama kwenye kioo cha gari. Nilipendeza! Chilumba akanionya: filamu iliyobaki kwenye kamera inatosha kupiga mara moja tu. Nikifaulu, naingia kwa waigizaji. Nikiharibu, narudi kwenye mti wangu maisha.

Mtu mwingine angenyamaza. Mie nikauliza swali. (Mnanijua.) Kwa nini mjane analia tu mwanzo mpaka mwisho? Hii ni nchi ya wakulima na wafanyakazi, mbona mnyonge hana la kusema? Aachwe ajibu kwa maneno yake! Chilumba akakuna kidevu, akakubali. Nikamfuata aliyeigiza mjane, Bi Mwanahawa, mama mtu mzima wa palepale mtaani, nimpe habari njema.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Kwa hiyo niseme lolote?"

"Lolote, mama. Uwe huru."

"Kwenu wapi vile?"

"Tabora. Mie Mnyamwezi."

Akatabasamu. "Ahaa. Sie Wazaramo." Akawarudia wenzake walioigiza wafiwa mkekani, wakanong'onezana. Nikadhani wanafanya mazoezi.

Sasa, nyie mnakumbuka nilivyobisha kule chuoni kwamba utani wa makabila umekufa, mjini sote Watanzania tu. Nilisimama kwenye mdahalo nikapigiwa makofi! Basi nikasahau kabisa kwamba Mzaramo ni mtani wangu, kwamba mtani akiwa msibani hufanya atakalo, na kwamba ukikasirika mwenye kosa ni wewe.

Kamera ikaanza. Nikaingia uani kifua mbele.

"Wewe mama! Toka kwenye nyumba yangu!"

Bi Mwanahawa akainuka polepole. Akanizunguka kama anayenunua mbuzi.

"Jamani, njooni mwone! Mnyamwezi kavaa suti!"

Kicheko. (Hicho hakikuwemo.)

"Babu yake alifika pwani na mzigo kichwani, huyu kaja na kofia. Hebu tuione!"

Kofia ikaenda. Nikanguruma: "Nitawaitia polisi!"

"Waite! Nao watani zako!"

Koti likaenda. Mama mmoja akanimwagia majivu ya jikoni kichwani. Wengine wakanidaka mikono na miguu, wakanilaza chali mkekani, wakanifunika kanga gubigubi, na ua mzima ukaangua kilio cha uongo: "Maskini marehemu! Kafa bado anaitaka nyumba!"

Nikachungulia nimwone Chilumba. Kwa nini hasemi kata? Machozi yalikuwa yanamtoka, na si ya msiba.

Hapo nikachafukwa. Nikaruka, kanga begani, majivu puani, nikapiga kelele:

"Niacheni! Hamjui mie ni msomi? Mie nina digrii!"

 

Bi Mwanahawa akawageukia wenzake. "Haya, wenzangu. Marehemu ana digrii."

Temeke ikapasuka. Watu walikaa chini. Mpiga picha aliikumbatia kamera isianguke.

"Kata!"

Nikavua kizibao mwenyewe, nikamnyang'anya dereva mti wangu. Chilumba akaniwahi.

"Weka chini huo. Wiki ijayo tunakwenda Kimbiji. Ni filamu ya msomi anayekwenda kuwafundisha wavuvi kuvua samaki."

"Na mie naigiza nini?"

"Msomi huyohuyo. Usibadilishe kitu."

Koti nimerudishiwa. Kofia ya serikali Bi Mwanahawa kabaki nayo, faini yangu ya kukasirika. Sikubisha.

Kwa hiyo mie sasa ni mwigizaji. Tena mzuri, asiniambie mtu! Nawaomba jambo moja tu: gari la sinema likifika Tabora, mtu amzuie mama yangu asitoke nyumbani. Tangu nilipopata kazi hii ameshawatangazia majirani kwamba digrii ya mwanawe itasikika nchi nzima.