Malalamiko ya Kunyimwa Gesi na Kuachiwa Moshi

Karakana ya Magidu,
Nabuyonga, Mbale.
Machi 1987

Kwa Afande Otim,
Msimamizi wa Stoo, Jinja.

Afande mpendwa,

Pokea salamu zangu za heshima. Kiswahili changu nilijifunzia kwenye vizuizi vya barabarani, mikono ikiwa juu, kwa hiyo ukiona adabu imezidi usidhani nakubembeleza. Ndivyo nilivyofundishwa.

Nalalamika kwamba umekataa kunipa mtungi wa pili wa gesi ya kuchomelea, eti kwa sababu ya maneno ya Masaba aliyepita hapo kwenu. Masaba ni mshirika wangu wa karakana, au alikuwa, kabla hajaondoka kwa hasira tukiwa katikati ya kazi ya geti la shule. Geti hilo liling'olewa wakati wa vita, na mpaka leo watoto wanasoma pamoja na ng'ombe wa jirani. Malalamiko yangu ni haya:

1. Masaba alinidharau mbele ya kamati ya shule. Aliinua waya yetu ya kuchomelea akasema, "Bwana Magidu, hii waya iko na unga ndani ya tumbo. Ikiungua inatoa moshi yake, moshi inalinda chuma. Gesi ni ya ile waya ingine." Ni kweli gurudumu la waya limeandikwa isitumiwe na gesi. Lakini Afande, magunia ya unga wa msaada nayo yameandikwa hayauzwi, na sote tumeyanunua sokoni.

2. Kinga haizidi. Mwenye paa bado hununua mwavuli. Sisi raia tulikuwa na adabu zetu tumboni, na bado tuliletewa askari wa kutulinda, wakatulinda mpaka mabati yakaisha juu ya nyumba. (Si nyinyi, ni wale waliowatangulia.) Kama mimi nililindwa kiasi hicho bila kuulizwa, waya ni nani ikatae?

3. Masikio yangu hayanidanganyi. Ninapochomelea, naisikia gesi yako ikivuma shhh, tena inanukia mafuta ya taa kidogo, dalili ya ubora. Mshono wangu unatoka laini, kila mtu anausifu. Ila Ijumaa, sala ikikaribia, ile sauti hukatika ghafla. Mimi huchelewa msikitini nikiugongagonga mtungi kwa nyundo. Huo ndio ushahidi kwamba gesi inaniishia na nahitaji nyingine.

4. Masaba anajiona kwa kuwa ndiye aliyeiokoa mashine yetu ya kuchomelea. Sikatai. Uporaji ulipoanza, aliizika katika shamba lake la ndizi kule Busiu, tukasimika msalaba juu yake na kutangaza kwamba amelala shangazi. Mimi Mwislamu nililia pale mpaka askari wakavua kofia, na mmoja akanipa sigara. Walipoondoka tulicheka, Masaba nami, tukiwa tumeshikana ili tusianguke juu ya kaburi. Tangu siku hiyo sijacheka vile. Lakini kuzika mashine si kujua gesi! Nilimwambia achague, mtungi au mlango. Akachukua kofia yake. Sikutegemea angechagua upesi hivyo.

5. Kwa hiyo naomba mitungi miwili kila mwezi. Naomba pia barua yenye muhuri, inayosema Masaba hajui kitu, niibandike ukutani. Na mwisho itolewe amri kwamba kila kilichochomelewa Mbale bila gesi tangu vita kikatwe na kuchomelewa upya, tukianzia na geti la gereza. Nitalikata mwenyewe. Wafungwa nitawaomba wasubiri.

Nisalimie mama watoto wako, Santa, na askari wote wa zamu, na hata yule karani aliyecheka nilipokuja kuchukua mtungi.

Ni mimi mtiifu wako, niliyeshusha mikono kwa muda tu ili niandike,

Magidu

Baada ya sahihi: Nilikuwa nimekwisha kufunga bahasha, nikaona nikurudishie na mtungi mtupu. Nikauinua, ukakataa kuinuka. Mpira wa kupitisha gesi nilikuwa nimeufunga vizuri sana, lakini koki bado ina lakiri ya Jinja. Haijakatwa. Mtungi umejaa kama siku ulipofika. Ile shhh ni jiko la mafuta ya taa, lile la pampu, la Mastula, muuza chai wa nyuma ya ukuta wangu, ambaye Ijumaa hulizima mapema aende kusali, akiwa Mwislamu bora kuliko mimi. Mishono yangu yote laini ililindwa na moshi wa waya yenyewe.

Gesi usilete. Geti la shule bado limelala chini, maana mmoja hulishika na mwingine huchomelea, nami niko peke yangu. Nasikia Masaba yuko hapo Masese, karibu nawe, anachomelea viti vya boti. Tafadhali mtumie mtu amwambie shangazi anamwulizia. Ataelewa. Na akisema shangazi alikwisha kuliliwa, mwambie safari hii ninalia kweli.