Malipo Yako Yanashughulikiwa

Jumatatu, 3 Machi

Leo nimegundua jambo litakalobadilisha historia ya ukoo wetu. Lile gemu la magari limerudi! Lile lile: gari jekundu, gari la bluu, kituo cha mafuta chenye pampu moja, daraja la mbao. Wamelipaka rangi upya na wanaliuza mtandaoni. Nililiona nikitafuta bei ya matairi ya gari la mafunzo. Matairi nikayasahau.

Dada anakuja Jumamosi. Atakuwa kwangu kuanzia saa nane mchana hadi saa kumi na moja, kisha uwanja wa ndege. Yeye ni mkunga. Amepata kazi hospitali ya mbali sana, mkataba wa miaka mitatu. Tangu tulipogawana vyombo vya marehemu mama, mwaka juzi, tumekuwa watu wa kuulizana hali kwa ujumbe mfupi. Alitaka mfuniko mmoja wa sufuria, ule uliobonyea. Nikamwambia seti haivunjwi. Mtu lazima awe na msimamo.

Utotoni alinishinda gemu hilo kila siku kwa miaka minne. Yeye jekundu, mimi bluu. Sasa mpango: nanunua leo, nafanya mazoezi siku tano kwa siri, Jumamosi namkaribisha kwa unyenyekevu na kumgaragaza.

Saa tano asubuhi nimebonyeza Lipa. Kioo kikaandika: Malipo yako yanashughulikiwa. Inaweza kuchukua hadi saa arobaini na nane. Tafadhali usirudie kubonyeza. Nimengoja dakika kumi na moja nikitazama saa. Nimebonyeza tena. Kisha mara tatu zaidi, ili wajue wanashughulika na mtu mzima.

Jumanne, 4 Machi

Barua pepe. Ununuzi wangu umesimamishwa kwa ukaguzi wa usalama. Usalama wa nani? Mimi ndiye ninayelipa.

Asubuhi nilikuwa na somo na Mama Hundi. Jina hilo nimempa mwenyewe, kimoyomoyo: amekaa nyuma ya dirisha la benki miaka thelathini, na sasa amestaafu anajifunza gari. Mtihani wake ni Jumatatu. Anaendesha kama amebeba trei ya mayai mapajani. Njia panda alitaka kuingia nikamzuia. Nikamwambia barabara haitaki pupa, ukiona huna hakika kanyaga breki, subiri, nafasi itakuja yenyewe. Nalisema vizuri sana hilo. Wanafunzi wengine huliandika.

Nikamweleza kisa changu, nikimsingizia rafiki. Akauliza kama jina la kadi ya huyo rafiki ni sawa na jina la akaunti. Akaunti inasomeka Mfalme wa Kona. Akauliza umri. Miaka kumi na tisa (siku ya kuifungua niliona haya kuandika arobaini na sita). Anwani? Nyumba ya zamani ya mama. Mama Hundi alivuka kwanza mizunguko miwili ya barabara.

Kisha akanieleza. Fedha haina miguu, akasema. Duka la gemu linamuuliza msafirishaji wa malipo, msafirishaji anaiuliza benki, benki inajiuliza kama huyu kweli ni mtu wake. Kila mmoja anaangalia jina, anwani na mazoea. Sasa mtu ananunua matairi na mafuta ya breki mwaka mzima, ghafla anakuwa kijana wa miaka kumi na tisa na ananunua kitu kimoja mara tano ndani ya robo saa. Enzi zake wangemwita mlinzi. Ushauri wake: huyo rafiki atulie. Akiona kimya, ajue kuna mtu anasoma. Haraka haraka haina baraka.

Nikamjibu kwamba ngoja ngoja huumiza matumbo. Akauliza kama ni tumbo la rafiki au langu mimi.

Nimerudi nyumbani nikabadilisha jina, umri na anwani, vyote kwa mpigo. Sasa mimi ni mimi. Baada ya dakika mbili, barua mpya: Taarifa zako zimebadilika. Ukaguzi umeanza upya. Saa arobaini na nane. Hawa watu hawana shukrani.

Jumatano, 5 Machi

Nimetumia kadi ya mke wangu.

Naandika hivyo kwa ufupi kwa sababu matokeo ni marefu. Hesabu yangu ilikuwa safi: yeye anafanya kazi duka la dawa, benki inamheshimu, hajawahi kudanganya umri. Sikujua kwamba wangemtumia ujumbe kumuuliza kama ni yeye anayenunua gemu la magari. Akajibu hapana, kama mtu yeyote mwenye akili timamu. Wakaifunga kadi papo hapo. Papo hapo alikuwa dukani mbele ya keshia, bidhaa za wiki nzima zimeshatiwa mifukoni, watu saba wako nyuma yake.

Amerudi kwa miguu na kitunguu kimoja.

Amesema yeye aliolewa na mtu mzima, na kama humu ndani kuna kijana wa miaka kumi na tisa angependa kutambulishwa. Nikajitetea kwamba umri nilishausahihisha jana. Haikusaidia. Tumekula mkate mkavu na kitunguu, tukasikilizana tukitafuna.

Alhamisi, 6 Machi

Nimepiga simu benki kutoka kwenye gari, Mama Hundi akiwa kwenye usukani. Simu iko kwenye kishikio, kwa hiyo sauti inasikika gari zima. Muziki wa kungojea dakika thelathini na nane. Mama Hundi alijua ala zote zinavyofuatana. Akasema muziki huo aliupigia kura yeye.

Hatimaye binti wa benki. Mpole, sauti ya asali. Akasema malipo yangu hayana tatizo ila wanahitaji kuhakikisha kwamba ni mimi. Nijibu tu swali la siri nililochagua mwenyewe miaka ile: dada yako alikuitaje utotoni?

Mungu wangu.

Jibu nalijua. Lakini mimi ni mwalimu wa udereva kwa miaka ishirini na mbili, na mwanafunzi wangu alikuwa pale, masikio yamesimama. Nikasema Mfalme wa Kona. Binti akasema samahani, sivyo. Nikasema Mfalme, kwa kifupi. Sivyo. Nikasema Simba wa Barabara, nikitumaini huruma. Binti akasema kwa masikitiko kwamba akaunti imefungwa hadi Jumatatu. Nifike mwenyewe na kitambulisho.

Jumatatu! Dada anaondoka Jumamosi!

Mama Hundi aliegesha gari pembeni bila kuambiwa, akaegesha vizuri, akasema kwamba ndani ya miaka thelathini ameona watu wengi wakinyimwa fedha za watu wengine, lakini wa kunyimwa zao wenyewe kwa aibu ni wachache.

Nikimwambia mtu kweli, itakuwa hapa tu. Kushinda nataka, ndiyo. Lakini ninachoogopa ni yale masaa matatu. Tutakaa sebuleni, nitamuuliza safari, atasema njema. Nitamuuliza kazi, atasema nzuri. Halafu itakuwa saa nane na dakika tano. Miaka ile hatukuwahi kukosa la kusema, kwa sababu macho yetu yote yalikuwa kwenye kioo kimoja.

Ijumaa, 7 Machi

Mpango mpya: kuipata mashine yenyewe ya zamani. Nikaenda kwenye kile chumba cha gemu cha utotoni, nyuma ya kinyozi. Kinyozi hayupo. Chumba sasa ni duka la mapazia. Nilisimama mlangoni nikanusa, kwa muda mrefu kuliko inavyostahili kwa mtu asiyenunua pazia. Zamani pale palinuka vumbi la televisheni lililopata moto, jasho la watoto na poda ya kinyozi. Ningelipa kuinusa harufu hiyo tena hata dakika moja.

Mwenye duka ni yuleyule, Bosi Sekunde! Tulimwita hivyo kwa sababu alituhesabia muda kwa saa ya mkononi, na sekunde ya mwisho alizima swichi hata kama uko mita moja kabla ya ushindi. Amezeeka, anapima vitambaa. Aliponitambua alicheka hadi futi ya kitambaa ikamwanguka. Mashine ilikufa zamani, akasema. Halafu akaongeza kwamba dada yangu alipita mwezi uliopita, akauliza mashine hiyohiyo.

Kwa hiyo na yeye anafanya mazoezi! Njama! Nilijua. Kikulacho ki nguoni mwako.

Njiani kurudi nilikumbuka siku tulizokosa sarafu. Tulicheza nyumbani, sakafuni, bila televisheni, milio yote kwa mdomo. Mama alikuwa refa. Hakutoka jikoni hata mara moja. Alisikiliza tu tunavyonguruma, kisha akatangaza kwa sauti: Jekundu limeshinda! Hakuna rufaa. Alikuwa na upendeleo, nalisema hilo hadi leo. Mke wangu amelisikia mara mia.

Jumamosi, 8 Machi

Saa nane kamili mlango umegongwa. Dada amenenepa kidogo, mvi mbili mbele, sanduku moja kubwa. Safari njema. Kazi nzuri. Nikatazama saa: nane na dakika nne. Hata tano haikufika.

Nilikuwa nimeiwasha televisheni asubuhi kwa tumaini la mwisho. Kwenye kioo: Malipo yako yanashughulikiwa, na kile kiduara kinazunguka. Tukakaa kwenye viti viwili tukakitazama. Akauliza ni nini. Nikamweleza, nikifupisha sehemu ya kadi ya mke wangu. Mke wangu akairefusha kutoka jikoni.

Dada hakucheka. Alisema naye alitaka kuileta ile mashine leo, ndiyo maana alimtafuta Bosi Sekunde. Tukaendelea kutazama kiduara.

Kisha akainuka, akaenda jikoni, nikasikia anapekua kabati. Amerudi na mifuniko miwili ya sufuria za mama. Mmoja akanitupia. Wa pili, ule uliobonyea, akaushika kwa mikono miwili, kidole gumba chake kikaingia kwenye lile bonde kana kwamba lilichongwa kwa ajili yake. Usukani. Bonde lile alilitengeneza yeye, siku aliyogonga mguu wa meza akiongoza.

Mwaka juzi alikuwa anaomba usukani wake. Mimi nikamwambia habari za seti.

Sikupata nafasi ya kusema samahani kwa sababu alishawasha injini. Mkunga mzima, mvi mbili, ananguruma! Nikanguruma na mimi. Kituo cha mafuta, kona ya miti miwili, kona ya mzee na baiskeli, vyote anavyo kichwani, anavitaja tukivifikia. Tulipokaribia daraja akapiga kelele ileile ya utotoni: breki, mdogo wangu, breki! Sikukanyaga. Sijawahi kukanyaga pale. Nikaingia mtoni, kama miaka yote minne, na mlio wa maji nikautoa vizuri kuliko zamani.

Tukacheka hadi tukakaa sakafuni. Halafu tukanyamaza kwa pamoja, na nilijua anachongoja kwa sababu na mimi nilikingoja. Mbio zimeisha, na hakuna sauti ya kutoka jikoni kutangaza.

Kijiko kikagonga ukingo wa sufuria. Mke wangu, bila kutoka, akatangaza kwa sauti: Jekundu limeshinda!

Dada alijifunika uso kwa mfuniko akalia. Mimi nililia pia, lakini kidogo, na zaidi kwa hasira ya hukumu. Tulizungumza mpaka saa kumi na moja na robo, habari za mama tu, teksi ikipiga honi nje. Mfuniko uko kwenye sanduku lake. Nimeutia mwenyewe. Seti imevunjika, na sufuria kubwa tutaifunika kwa sahani.

Jumatatu, 10 Machi

Benki. Nilikataa kulitamka jibu, nikaliandika kwenye karatasi na kulisukuma chini ya kioo. Karani akalisoma, akamgeukia mwenzake na kumuuliza kwa sauti kama hapa imeandikwa Bilabreki. Ukumbi mzima ulinigeukia. Dakika tatu baadaye, malipo yakapita.

Yote matano. Ninamiliki lile gemu mara tano. Duka limeandika kwamba nikitaka kurudishiwa malipo ya yale manne nibonyeze mara moja, kisha nisubiri.

Mama Hundi amefaulu mtihani. Msimamizi amesema hajawahi kuona mtu mwenye subira namna ile njia panda. Nimempongeza kwa kuwa na mwalimu bora.

Jumanne, 11 Machi

Ujumbe wa Dada. Amefika, chumba chake kina dirisha linalotazama ukuta, mfuniko ameutundika juu ya kitanda. Naye amenunua gemu. Alibonyeza mara moja, akalala, akaamka akalikuta. Ananiita tushindane kwa mbali Jumapili, yeye kule mimi huku. Kuna kipande kidogo tu cha gemu cha kulipia ili magari mawili yakutane.

Jumapili! Siku tano za mazoezi ya siri. Safari hii hanipati.

Nimerudisha jina la Mfalme wa Kona, kwa sababu hilo la kweli halitishi mtu. Nimebonyeza Lipa. Malipo yako yanashughulikiwa. Nimengoja dakika tisa, zaidi ya hapo ni dharau. Nimebonyeza tena.