Filamu Iliyonifilisi Bila Ng'ombe Hata Mmoja Kufa

Ndugu Mhariri wa Vipindi,

Salamu kutoka Idodi. Anayekuandikia si mtu wa hivi hivi. Nimechimba dhahabu Chunya, nimeishi Mbeya mjini miaka miwili, na darasa la sita nililiacha kwa hiari yangu. Kwa hiyo nikisema filamu yenu ya matatizo ya jamii ni takataka, mjue anayesema ana macho.

Kijana wenu Brayson alikuja na kamera mwezi wa tisa kurekodi maisha ya wafugaji. Tulimpokea vizuri. Malalamiko ni haya:

1. Nilivaa suti. Akasema, "Mzee, hiyo suti inaharibu huzuni." Nikavalishwa shati la kuzolea samadi. Sola ikafichwa, pikipiki ikasukumwa nyuma ya ghala, na mke wangu Ng'washi akaambiwa asitabasamu. Mama wa watu hakuwa anatabasamu, mdomo wake ndivyo ulivyo.

2. Alirekodi boma tupu, halafu sauti nzito ikasema: "Silvester amepoteza kila kitu." Yaani msomi mzima hajui kwamba sisi ng'ombe tunawagawa kwa marafiki, huku kumi, kule ishirini, ili ugonjwa ukiingia boma moja usifagie wote? Hakuuliza. Aliuliza tu, "Unajisikiaje?" Nikajibu njaa, maana ilikuwa saa nane na kuku wote alikuwa amewamaliza yeye. Mkaliweka hilo neno peke yake, na muziki wa msiba juu.

3. Sasa filamu imeoneshwa kwenye kibanda cha video huko Usangu, kijijini kwa Mzee Fanueli. Binti yake Sarah amechumbiwa na mwanangu Nashoni, na barua ya posa ilishapokelewa. Tangu siku hiyo Mzee Fanueli hapokei simu zangu. Nani atamwoza binti yake kwenye boma la upepo? Nashoni hali chakula. Anaikodolea simu kama kuku anayeatamia.

4. Kwa hiyo nadai filamu ifutwe, mtangaze kwenye taarifa ya habari kwamba mimi ni tajiri, na Brayson arudi kuwarekodi ng'ombe wangu mmoja mmoja, kwa majina yao.

Wasalimieni wote hapo ofisini, hadi mlinzi. Brayson naye mwambieni ile dawa ya tumbo aliyopewa na Ng'washi aimalize, asiache katikati.

Ni mimi, maskini wenu wa kutengenezwa,
Silvester, Idodi, Iringa.

N.B. Kabla sijafunga bahasha, Mzee Fanueli amepiga. Kumbe alikuwa anaona aibu, maana alilia kibandani mbele za watu. Mahari ya ng'ombe thelathini ameishusha hadi kumi na mbili. "Pole sana, mkwe," ameniambia, "tutasaidiana." Basi filamu msiiguse, irudieni hata Jumapili. Ila wakwe wanakuja Jumamosi kuniona. Naomba Brayson anielekeze kwa simu ile sola aliifichaje, maana mimi nimejaribu tangu asubuhi na bado inaonekana.