Kompyuta Iliyoonja Kwanza

Jumatatu, 7 Mei 1990

Leo siku yangu! Binamu yangu Karangwa wa Kabeza kaniletea disketi. Ndani mna programu. Anaapa inaipa kompyuta mbio. Kaipata wapi? Hakusema, nami sikumbana. Ijumaa mkurugenzi wetu, Madamu Nyirahabimana, anachagua mkuu wa chumba cha kompyuta: mimi au Gratien. Atakayeshindwa anarudi kwenye taipureta. Mimi, taipureta? Hata kwa viboko!

Gratien kaiona disketi, kakunja pua. Eti programu usiyoijua hujaribiwa kwanza kwenye ile mashine kuukuu ya stoo, siku kadhaa. Mwoga huyo.

Jumanne, 8 Mei

Nimeamka na jibu. Kwetu anayekukaribisha pombe hupiga funda la kwanza mwenyewe, ujue haina sumu. Basi na programu ionjwe! Ila Karangwa hana kompyuta. Gratien anayo. Alipokwenda kula nikaionjesha yake. Ikaandika Bonjour, ikanyamaza. Nikakaa naitazama mpaka mwenyewe akarudi anachokoa meno. Mashine nzima, haina hata kikohozi. Salama!

Jumatano, 9 Mei

Nimeiweka kwenye kompyuta ya Madamu, yenye ripoti ya wafadhili. Akauliza kama nimeikagua. Nikamwambia nimeikagua kwa njia ya mababu. Akacheka. Gratien kanuna. Raha ilioje!

Alhamisi, 10 Mei

Yesu wangu! Herufi za ripoti zinaporomoka moja moja, zinarundikana chini ya skrini kama maharage gunia likitoboka. Ya Gratien vilevile. Madamu kapiga kelele mpaka mlinzi wa getini akaja na rungu.

Sikubabaika. Nikasema ugonjwa umetoka kwa Gratien, mashine yake ndiyo iliyoanza, tangu Jumanne wakati wa chakula. Madamu akaniuliza nimejuaje.

Ulimi huu! Jasho lilinitoka mpaka kwenye soksi.

Ijumaa, 11 Mei

Gratien kateuliwa. Kumbe alikuwa na nakala ya ripoti kabatini, mnafiki mkubwa. Mimi niko kwenye taipureta, na herufi M imekwama. Imeniuma, sifichi. Nimelia chooni.

Jioni Karangwa kaja na disketi nyingine. Anaapa hii ndiyo dawa ya ugonjwa uleule. Mungu hamtupi mja wake! Kesho wote wako kwenye umuganda, ile kazi ya pamoja ya lazima, wanachimba mitaro ya barabara, na ufunguo wa ofisi ya Madamu bado ninao. Kosa langu nimeshalijua, na safari hii hakuna kuonjaonja. Dawa hunywewa yote!