Kiingereza cha Bwana Stavro

Jumatatu, 3 Juni

Nimepigwa na butwaa. Mzee Shekhe, mshenga wangu, amerudi kutoka mtaa wa Usagara kwa Bi Nasma na jibu la posa. Si ndiyo, si hapana. Bi Nasma anasema bintiye Zuleha haolewi na mtu anayefundisha Kiingereza kwenye banda la bati Makorora, tena wanafunzi wenyewe wa kuokoteza, na mmoja wao huja kulala. Nipate kwanza kazi ya kueleweka. Hapo wazee warudi, watakaribishwa.

Mimi huyu! Mtu pekee Tanga nzima mwenye Kiingereza cha Malkia! Marehemu baba alimpikia Bwana Stavro, meneja wa shamba la mkonge, Mwingereza wa damu. Kila alichosema Bwana Stavro baba alikishika, akakileta nyumbani, nasi tukakishika. Samaki wa kukaanga na viazi ni “fis en tsips”. Wanafunzi wangu wote wanasema hivyo bila kukosea. Wenzangu walirithi minazi, mimi nilirithi lugha.

Lakini njia ipo. Hoteli mpya upande wa Pangani inatafuta mwalimu wa kuwafundisha wahudumu Kiingereza. Usaili Alhamisi. Kazi na mke kwa mkupuo mmoja!

Jumanne, 4 Juni

Astaghfirullah. Tadeo naye anakwenda kwenye usaili.

Huyu Tadeo ni mtani wangu wa ukoo, na amefungua darasa lake Mabawa. Nikaenda kumchungulia. Nilisimama dirishani nikijifanya nanunua muhogo wa kuchoma. Niliyoyasikia! Anawaambia wanafunzi kwamba Lagos wana Kiingereza chao, Mumbai chao, Singapore chao, Jamaika chao. Kwamba kila watu wamekifinyanga kwa ulimi wa kwao, na hakuna aliyekwenda London kuomba ruhusa. Kwamba hata huko Uingereza mji huu hausemi kama mji ule, na cha leo si kile cha mababu. Mwanafunzi mmoja akauliza, je, kile cha Malkia cha Makorora? Tadeo akajibu kwamba Malkia ameshafariki. Darasa zima likaangua kicheko.

Mimi sikucheka. Habari za msiba nilizipata na nilisikitika kama watu wengine. Ila hakuna aliyeniambia kwamba na Kiingereza chake kimezikwa.

Lililoniua kabisa: Zuleha yumo ndani! Benchi la mbele! Anauza khanga kwa simu na wateja wake wametapakaa dunia nzima, basi anajifunza kuwasikia. Akatoka, akanikuta na muhogo mkononi. Nikamwambia lugha ina mwenyewe, na mwenyewe ni mmoja. Akaniuliza mbona bibi yake wa Mtang'ata anasema vyake, Waunguja vyao, Wamombasa vyao, na kote ni Kiswahili na hakuna aliyeitiwa polisi. Muhogo ukanipalia. Hakunisubiri nimalize kukohoa.

Jumatano, 5 Juni

Hila imepatikana. Nimemkuta Tadeo kwa muuza kahawa. Nikamwambia, kwa uso wa huruma kabisa, kwamba hoteli imebadili mawazo na sasa inataka walimu wanawake tu. Ameamini! Amenishukuru kwa kumwokolea nauli. Akaninunulia na kashata.

Moyo ulinichoma kidogo. Kashata nilikula.

Alhamisi, 6 Juni

Subhanallah! Subhanallah tena!

Nimefika hotelini nimenyooka, nimenukia. Nani amekaa barazani akisubiri usaili? Zuleha, na baibui jipya. Anasema mwalimu wake Tadeo alisikia wanatakiwa wanawake, akamhimiza aje yeye. Akaniuliza, sasa wewe Sabiri umefuata nini? Nikasema nimekuja kutazama bahari.

Nikaitwa ndani kabla yake. Akanitakia bahari njema.

Wasaili watatu. Bi Moira, mwenye hoteli, Mwingereza wa Skotlandi. Meneja, Mhindi wa Mumbai. Mpishi mkuu, Mnigeria. Wanaongea, wanaelewana, wanataniana. Mimi sikuambulia kitu. Nilimwelewa meneja tu aliponikaribisha kukaa, kwa sababu alionyesha kiti.

Nikamwomba Bi Moira kwa adabu tuanze Kiingereza. Akasema taratibu kwamba hicho ndicho Kiingereza. Niliduwaa! Nikaona si uungwana kumwacha hivyo. Nikamweleza kwamba amekaa mbali na kwao mno, ulimi umemharibika, na kwamba kwangu Makorora nafasi ipo. Mpishi akaziba uso kwa leso. Bi Moira akasema hajapata kusikia Kiingereza kama changu popote duniani. Nikainamisha kichwa. Sifa zikizidi mtu huona haya.

Akauliza nimekitoa wapi. Nikawapa habari yote: Bwana Stavro, Mwingereza halisi, na vyakula vya Kiingereza alivyopikiwa na baba, yaani zeituni, jibini la chumvi, na wali uliofungwa kwenye majani ya mzabibu. Wakatazamana. Meneja akaniuliza polepole, neno moja moja, kama huyo Bwana Stavro hakuwa Mgiriki.

Nikacheka sana. Nilicheka peke yangu.

Kisha akaingia Zuleha. Nikatega sikio barazani. Bi Moira anacheka! Mpishi anapiga meza! Kwa Bi Moira anasema hivi, kwa meneja vile, kwa mpishi vingine kabisa, na wote wanaitikia. Anabadili Kiingereza kama mtu abadilishaye kandambili za chooni na za sebuleni. Sijapata kuona utovu wa msimamo wa namna ile. Na alikuwa mzuri mno.

Ijumaa, 7 Juni

Baada ya swala nimemshika Mzee Shekhe nje ya msikiti. Shikamoo, marahaba, nikamuuliza habari za Bwana Stavro. Yeye alikata mkonge shamba lile lile. Akanikazia macho. Ebo, mwanangu, Mgiriki yule! Shamba zima lilijua, na hata Kiingereza alijifunzia hapa hapa Tanga, ukubwani. Na baba je? Baba, anasema, kila mzungu alimwita Mwingereza ili asipate tabu ya kuuliza.

Nilikaa chini pale pale kwenye ngazi. Maana yake Makorora kuna watoto wanaosema Kiingereza chenye lafudhi ya Kigiriki, na aliyewaambukiza ni mimi. Mzee Shekhe alicheka mpaka kofia ikamdondoka. Akasema basi na Makorora tumepata Kiingereza chetu, tusiwaonee wivu Wanigeria. Sikuona cha kuchekesha.

Alasiri zikaja habari. Kazi amepata Zuleha.

Jumamosi, 8 Juni

Tadeo amejua uongo wangu. Amekuja asubuhi, kakunja mikono ya shati, akabeba ubao wangu wa kuandikia, madawati yote na kengele. Kavipakia kwenye mkokoteni mbele ya wanafunzi. Anasema hiyo ni faini ya utani. Na mtani akichukua huwezi kumkasirikia, lazima ucheke. Nimecheka mpaka mashavu yameuma. Wanafunzi wamemsaidia kusukuma, na hawajarudi.

Sina kazi, sina darasa. Nampenda Zuleha. Naandika hapa kwa kuwa hapa hapana mtu. Nikimkosa sitakuwa na hamu ya kusema na mtu kwa lugha yoyote.

Jumapili, 9 Juni

Siamini! Nimemwomba Mzee Shekhe anisimulie mara mbili. Ametoka kwa Bi Nasma. Zuleha mwenyewe amesema! Ameniombea kazi hotelini ya kupokea mizigo ya wageni, na Bi Moira amekubali kwa furaha, sijui kwa nini. Bi Nasma anasema mizigo ni kazi ya kueleweka.

Sharti la Zuleha ni moja. Nikae darasani kwake pamoja na wahudumu, benchi la nyuma, nijifunze, na nisimsahihishe. Nikifika mwisho wa mafunzo hivyo, wazee walete posa, atakubali. Anasema mimi ni mtu mzuri nikinyamaza.

Nimelia. Mzee Shekhe naye kalia, ingawa alikuwa anakula kitunguu.

Jumatatu, 10 Juni

Darasa linaanza saa nne. Nimeoga, nimenyoa, nimefika mapema nikachagua benchi la nyuma kama nilivyoagizwa. Nimetafakari sharti lile kwa kina. Kumsahihisha, sitamsahihisha hata kwa dawa. Nitakachofanya ni kusimama na kuwaambia wahudumu, kwa sauti ya kufika mbele, namna kila neno alilosema linavyotamkwa hasa, wao ndio wamsahihishe. Na sitakuwa na papara. Nitamwacha kwanza amalize kusema jina lake, ajue kwamba nampenda.